Mzee kastaafu chama kikuu cha ushirika, kiinua mgongo hakuna na NSSF ina mapengo. Tuanzie wapi kisheria?

Binti wa Karani:

Habari za humu wakuu. Naandika nikiwa nimechoka kwa hiyo mnivumilie kama maelezo yatakuwa marefu. Baba yangu alikuwa karani wa mzani kwenye kiwanda cha kuchambua pamba cha chama kikuu kimoja cha ushirika huku Kanda ya Ziwa, jina naliacha. Aliajiriwa Musoma mwaka 1997, enzi hizo bado wanakatwa michango ya uzeeni ya NPF kabla haijageuka NSSF, baadaye akahamishiwa Shinyanga na huko ndo amekaa mpaka anastaafu tarehe 30/6/2024 akiwa na miaka 60. Miaka 27 mtu anapima marobota ya pamba, hajawahi kupewa hata barua ya onyo.

Sasa tangu astaafu ni njoo wiki ijayo, njoo msimu ukifunguliwa, njoo bodi ikikaa, bodi imekaa lakini ajenda yako haikufikiwa. Mwishowe wakamwita wakampa karatasi asaini kwamba "amepokea stahili zake zote na hadai tena", pesa yenyewe ni sh 1,292,300. Mshahara wake wa msingi ulikuwa 480,000. Baba akakataa kusaini, akarudi nyumbani kimya kimya, hata mama hakumwambia mpaka siku ya tatu.

La pili ni NSSF. Nimeenda naye ofisini wakatutolea printi ya michango. Jamani, nilitaka kulia pale kaunta. 2009 imejaa miezi yote 12, 2011 imeingia miezi minne, 2014 na 2015 patupu kabisa, halafu inarudi 2016 miezi saba. Jumla miezi 171. Na slipu zake za mshahara anazo kwenye bahasha ya kaki, kila mwezi amekatwa! Yule dada wa kaunta akasema pensheni ya kila mwezi inataka isipungue michango ya miezi 180, kwa hiyo mzee anapewa cha mkupuo basi. Yaani miezi 9 ndo inamkosesha pensheni ya maisha wakati amefanya kazi zaidi ya miezi 300.

La tatu dogo, ana akiba na hisa kwenye SACCOS ya wafanyakazi wa hapo hapo, nayo hawampi.

Naomba mnielekeze, ni mahakamani, ni kwa Mrajis, ni kwa DC, ni wapi? Wakili mmoja hapa mjini kataka laki tano ya kufungua faili tu.

Jembe Halisi:

Pole sana bi dada. Hiyo ni ya Mrajis wa Vyama vya Ushirika moja kwa moja, vyama vyote viko chini ya TCDC, ile tume ya maendeleo ya ushirika. Andika barua kwa Mrajis Msaidizi wa mkoa, nakala kwa Waziri wa Kilimo, nakala kwa mkuu wa mkoa. Hawa watu wanaogopa nakala kuliko mahakama.

Wakili wa Kijiweni:

Jembe hapo umemchanganya dada wa watu, na hili kosa nimeliona likiwaponza wastaafu wengi sana.

Bi dada, mzee wako ana madai matatu yenye milango mitatu tofauti, ukiyafunga kwenye furushi moja ukapeleka kwa Mrajis utazungushwa mwaka mzima halafu uambiwe haukuwa mlango wako. Mrajis kwa sheria ya ushirika Na. 6 ya 2013 na kanuni zake za 2015 anaamua migogoro ya biashara ya chama, yaani mwanachama na mwanachama, mwanachama na bodi, chama na chama. Mnaanza kwa mazungumzo, yakishindikana linaenda kwa Mrajis, usiporidhika unakata rufaa kwa Waziri. Hiyo inafaa kwa ile akiba yake ya SACCOS kwa sababu pale yeye ni mwanachama. Ila kwenye kile kiwanda baba yako hakuwa mwanachama, alikuwa mwajiriwa. Mwajiriwa wa ushirika ni mwajiriwa kama wa kiwanda cha sabuni, anaenda Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, CMA, chini ya sheria ya ajira na mahusiano kazini ya 2004. Kufungua hapo hulipi hata senti na wakili si lazima, anaweza kusimama mwenyewe, au afisa wa chama cha wafanyakazi kama alikuwa mwanachama, au mtu anayemwamini.

Sasa hiyo 1,292,300 imenichekesha kidogo. Chukua 480,000 gawa kwa siku 26, zidisha siku 7, zidisha miaka 10, utaipata hiyo hiyo. Wamempigia malipo ya kuachishwa kazi ya kifungu cha 42, mshahara wa siku 7 kwa kila mwaka na mwisho ni miaka 10 hata kama umefanya 40. Na kifungu chenyewe baada ya marekebisho kinasema anayefikisha umri wa kustaafu hahusiki nayo. Kwa hiyo wamempa kitu ambacho kisheria hadai, ili wamnyang'anye anachodai. Anachodai kinatoka kwenye mkataba wake, au mkataba wa hali bora (ule wa chama cha wafanyakazi na mwajiri), au kanuni za utumishi za hicho chama. Je mnazo? Zinasemaje kuhusu mstaafu?

Na swali la muhimu kuliko yote, kuna barua yoyote ya karibuni kutoka kwao? Ina tarehe ngapi?

Mstaafu wa Mwadui Road:

Mwanangu mimi nilikuwa fundi mitambo kwenye kiwanda cha namna hiyo hiyo, nilistaafu zamani kidogo. Nakwambia la kwangu usije ukalirudia. Nilipewa ahadi na meneja mkuu, mtu mstaarabu kabisa, tunasali pamoja, akawa ananiambia mzee vuta subira pamba ya mwaka huu ni nzuri. Nikavuta subira miaka miwili. Nilipofika CMA msuluhishi akaniuliza ulikuwa wapi siku zote hizi, nikasema tulikuwa tunazungumza na mwajiri, akasema kuzungumza hakusimamishi saa. Nikatupwa nje. Meneja kahamishwa, kanisani simuoni tena.

Usikubali baba asaini ile karatasi. Kama shida ya hela ni kubwa achukue lakini aandike kwa mkono wake pale chini "nimepokea kama sehemu ya malipo, madai mengine yanaendelea", wakikataa aiache.

Binti wa Karani:

Shikamoo mzee, asante sana na pole kwa yaliyokukuta.

Wakili, kanuni za utumishi tunazo, kitabu kimechakaa cha mwaka 2003, ukurasa wa kiinua mgongo unasema mtumishi aliyetumikia chama zaidi ya miaka 10 akistaafu atalipwa mshahara wa mwezi mmoja kwa kila mwaka wa utumishi. Na nauli ya kurudi alikoajiriwa yeye, mke na mizigo.

Barua ipo. Baba alipokataa kusaini aliandika kudai, wakamjibu kwamba "chama kinatambua utumishi wako uliotukuka lakini kwa hali ya kifedha iliyopo hakiko tayari kulipa kiasi tofauti na kilichopendekezwa". Tarehe 11/8 mwaka huu. Kwani ina maana gani?

Wakili wa Kijiweni:

Leo ni tarehe 2 mwezi wa 10. Dada yangu kaa chini.

Kanuni za usuluhishi, tangazo la serikali (GN) namba 64 la 2007, zinasema anayepinga kuachishwa kazi ana siku 30, migogoro mingine yote siku 60 tangu mgogoro ulipotokea. Vita yenu itakuwa hapo, mgogoro ulitokea lini? Wao watasema 30/6/2024 siku aliyostaafu, kwa hiyo mmechelewa zaidi ya mwaka. Nyie mtasema mpaka Agosti walikuwa wanakiri deni na kuahidi, hakukuwa na kubishana, mgogoro ukazaliwa siku waliyokataa kwa maandishi yaani 11/8. Ukihesabu kutoka hapo mmeshatumia siku 52, mwisho ni tarehe 10. Mna siku 8.

Msitegemee hoja moja. Jaza fomu namba 1 ukiegemea barua ya 11/8, lakini weka pembeni na fomu namba 2 ya kuomba kuongezewa muda endapo tume itaona mmechelewa, pamoja na kiapo. Na kwenye kiapo msiandike hadithi, mahakama zetu tangu kesi ya Lyamuya ya 2010 zinataka ueleze kipindi chote ulichochelewa, usiwe umezembea. Kila siku ina jina lake. Machi aliugua? weka karatasi ya hospitali. Mwezi wa tano aliitwa kwenye kikao cha bodi? weka ule mwito. Kusema tu "tulikuwa kwenye mazungumzo" kumemwangusha mzee wetu hapo juu na wengine wengi.

Hesabu, 480,000 mara 27 ni 12,960,000. Ongeza likizo ambayo hakuchukua kama ipo, nauli ya kurudi Musoma, na hapa sikiliza vizuri, kifungu cha 43 kinasema mfanyakazi aliyemaliza kazi mahali tofauti na alikoajiriwa anastahili usafiri, na posho ya kujikimu ya kila siku kuanzia siku ajira ilipoisha mpaka siku wanamsafirisha. Bado yuko Shinyanga kweli au ameshahamia?

Binti wa Karani:

Bado wapo kwenye nyumba ile ile ya kupanga, wanashindwa kuhama kwa sababu ya nauli ya mizigo. Mimi ndo nipo Mwanza.

Wakili wa Kijiweni:

Basi idai. Muulize mwajiri yeyote anayejua sheria, hiyo posho ndo inawakosesha usingizi maana inapanda kila siku wakati kiinua mgongo kimesimama palepale. Sisemi mtapewa yote, mwamuzi ataangalia kama kweli alikuwa anasubiri kusafirishwa, lakini mezani inasaidia sana wakati wa kupatana.

mama_Ntilie wa Ilala:

Hapo kwenye NSSF naombeni mnielimishe na mimi, mume wangu yuko hivyo hivyo kwenye kampuni ya ulinzi, anakatwa haipelekwi. Ni kumshtaki mwajiri au NSSF?

Afisa Mstaafu wa Mafao:

Nimefanya kazi kwenye mfuko miaka mingi, sitasema upi.

Michango ni asilimia 20 ya mshahara, kawaida 10 mfanyakazi 10 mwajiri, na mwajiri ndiye anayetakiwa kuipeleka ndani ya mwezi unaofuata. Akichelewa anatozwa tozo juu yake na kutopeleka ni kosa kisheria. Michango isiyopelekwa ni deni la mwajiri kwa mfuko, mwenye kudai kwa nguvu zote ni mfuko. Kwa hiyo usianze na mahakama. Andika barua kwa meneja wa NSSF mkoa alikokuwa anafanya kazi, sio ulipo wewe, ambatisha fotokopi za slipu za miezi yote iliyo patupu, barua ya ajira, na ile printi ukiwa umezungushia kwa kalamu miezi inayokosekana. Omba wakaguzi waende kwa mwajiri. Hakikisha nakala yako imegongwa muhuri wa kupokelewa.

Watu wanakwenda kaunta wanalalamika kwa mdomo halafu wanaondoka. Malalamiko ya mdomo hayana namba ya faili.

Na dada, kwa mzee wako usihangaike na miezi 150 yote kwa mara moja. Anahitaji 9 ili afikishe 180. Mna slipu za 2014 nzima? Hiyo ni 12. Wekeni nguvu hapo kwanza. Na asikubali kuchukua mkupuo sasa hivi kwa njaa, akishachukua kurudi nyuma ni shughuli pevu.

Binti wa Karani:

2014 zipo zote 12. Baba huwa hatupi karatasi, tulikuwa tunamcheka.

Mwalimu wa Busia:

Hujambo dadangu, mimi niko upande wa Kenya, ng'ambo ya mpaka tu. Poleni sana. Siku 60 zimenishtua kusema kweli. Kwetu madai ya ajira chini ya Employment Act ya 2007 mtu ana miaka mitatu ya kwenda korti ya ajira na leba. Halafu kama chama kina skimu yake ya pensheni na wadhamini wanakuzungusha, unaandikia RBA, ile mamlaka ya mafao ya uzeeni, ipitie uamuzi wao, usiporidhika kuna tribunal yake. Ile tribunal ya ushirika inabaki ya wanachama. Lakini hata huku watu hupeleka kesi ya mshahara kwa tribunal ya ushirika wanafukuzwa, kwa hivyo si nyinyi peke yenu mnachanganya milango.

Jembe Halisi:

Sawa nimekubali nilikosea mlango ila bado nasema Mrajis apewe nakala. Chama kikuu kinakaguliwa mahesabu na COASCO, lile shirika la ukaguzi wa vyama vya ushirika, au mkaguzi mwingine aliyeidhinishwa, na mahesabu yanasomwa mkutano mkuu. Kama deni la mzee halimo kwenye vitabu, hapo kuna maswali. Kama limo, basi wamelikiri, na huo ni ushahidi. Nimekuwa mjumbe wa mkutano mkuu mimi, najua ninachosema.

Wakili wa Kijiweni:

Hapo Jembe umepiga penyewe. Nakala kwa Mrajis ni ruksa na ile taarifa ya ukaguzi itafuteni kwa udi na uvumba. Kuna jambo jingine linanitia wasiwasi, chama chenyewe kina hali gani? Kina mali?

Binti wa Karani:

Kiwanda kimesimama, wanasema kimewekwa rehani benki. Kuna maghala mawili wanapangisha. Na kuna maneno kwamba kitafutwa.

Wakili wa Kijiweni:

Sababu nyingine ya kukimbia. Mrajis akikifuta chama anateua mfilisi, hapo mnaingia kwenye foleni ya wadai na benki yenye rehani iko mbele yenu. Mwenye tuzo mkononi, yaani uamuzi wa tume, anasikilizwa tofauti na mwenye bahasha ya kaki.

Mkifungua, kwanza kuna usuluhishi ndani ya siku 30. Mkipatana yanaandikwa, mnasaini, na yana nguvu ya kutekelezwa kama amri ya mahakama, ila hakikisheni yanasema tarehe za kila awamu na kwamba wakikosa awamu moja deni lote lililobaki linadaiwa hapo hapo. Msipopatana mnaenda kwa mwamuzi anatoa tuzo. Asiyeridhika ana wiki sita kupeleka marejeo Mahakama Kuu Divisheni ya Kazi. Wasipolipa unaenda huko huko kukazia, dalali wa mahakama anakamata mali. Kodi ya yale maghala ndo ningeiangalia mimi, mpangaji anaamriwa alipe kwa mzee badala ya chama. Pesa za pamba za wakulima zinazopita akaunti msiziguse, hizo za wenyewe, mtapigwa pingamizi na wakulima na watakuwa na haki.

Hela ya wakili kama hamna, ofisi ya maendeleo ya jamii ya halmashauri itawaonyesha wasaidizi wa kisheria waliosajiliwa chini ya sheria ya 2017, bure.

Binti wa Karani: (tarehe 9 mwezi wa 10)

Wakuu narudi na mrejesho. Fomu tumejaza tarehe 6 Shinyanga, CMA wakasema kwanza mwajiri apelekewe nakala ndo turudishe ikiwa imepokelewa. Tukaenda. Sekretari kaisoma yote, kaikunja, kasema bosi yuko Dodoma na yeye hana ruhusa ya kugonga muhuri. Muhuri upo pale mezani tunauona! Baba akataka tuondoke, "tusimsumbue binti wa watu".

Nikakumbuka mlivyosema humu kila kitu kiwe na karatasi. Nikaandika nyuma ya nakala yetu saa 5 na dakika 20 asubuhi, tarehe, jina lake, na maneno aliyosema, mbele yake. Mlinzi wa getini ambaye amefanya kazi na baba akakubali kusaini kama shahidi. Kisha tukaenda posta tukatuma nyingine kwa EMS, risiti tukaibandika kwenye fomu. Karani wa CMA kaangalia risiti, kaangalia yale maandishi, akapokea, leo tarehe 9. Na fomu namba 2 imeingia pamoja na kiapo. Barua ya NSSF imegongwa muhuri jana, wamesema mkaguzi atapangwa. Ya SACCOS tumeandika kwa mwenyekiti wao kwanza kama mlivyosema.

Usuluhishi wametupa tarehe 28. Twende na nini?

Wakili wa Kijiweni:

Siku moja kabla ya ukomo, Mungu anawapenda nyie. Nendeni na kile kitabu cha 2003 chenyewe, sio fotokopi peke yake, na slipu kwa mpangilio wa miaka. Nakala tatu za kila kitu. Mzee aongee mwenyewe, wewe kaa pembeni.

Binti wa Karani:

Nakala tatu nimeshatoa, stationery wamenila elfu kumi na nne.

Mstaafu wa Mwadui Road:

Tarehe 28 nitakuja kukaa nje na baba yako. Anywe chai kabla, pale foleni yake si ya mchezo.